Miaka elfu ya Ufunuo 20: duniani, mbinguni, au ndiyo hii tuliyomo?

Mwalimu wa Kikundi aliuliza:

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa.

Naandaa masomo ya kikundi cha Biblia kuhusu utawala wa Kristo wa miaka elfu. Vipindi ni vinne, kila kimoja saa moja, na wanakikundi wametoka madhehebu mbalimbali. Naomba msaada wa mambo matatu. Misimamo mikuu ni ipi, na kila mmoja umesimama juu ya maandiko gani? Ni wapi hasa wanapoachana, ikiwa wote wanasoma sura ile ile? Na anayefundisha somo hili hukosea wapi?

Sitafuti mshindi. Nataka kila upande uelezwe vile ambavyo wenyewe wangekubali kuwa umeelezwa sawasawa. Tunatumia Biblia ya Union Version.

---

Mzee wa Maandiko alijibu:

Amina, mtumishi. Umeuliza vizuri, hasa hapo uliposema "vile ambavyo wenyewe wangekubali". Somo hili huharibika mapema sana pale mwalimu anapoanza kwa kuueleza msimamo wa mwenzake kwa maneno ambayo mwenzake hajawahi kuyasema.

Utawala wa miaka elfu umetajwa kwa jina katika sura moja tu ya Biblia, Ufunuo 20, na humo maneno "miaka elfu" yanarudi mara sita, kuanzia aya ya 2 hadi ya 7. Maandiko mengine yote yanayoletwa kwenye mjadala (Isaya 65, Zekaria 14, Danieli 9, 1 Wakorintho 15) hayataji miaka elfu. Yanaunganishwa na sura hiyo na msomaji, na kila upande una sababu zake za kuyaunganisha au kutoyaunganisha.

Premilenia husema Kristo atarudi kwanza, ndipo miaka elfu ianze, naye atatawala papa hapa duniani. Lakini usiifundishe kama kitu kimoja, maana ndani yake mna nyumba mbili. Premilenia ya kale inasema kanisa litapita katika dhiki kuu, Kristo atarudi mara moja, walio wake watafufuka na kutawala naye, kisha baada ya miaka elfu waje wafu waliosalia na hukumu. Katika karne ya 20 aliyeitetea kwa nguvu ni George Eldon Ladd. Nyumba ya pili ni ya dispensasheni, iliyopangwa na John Nelson Darby (1800–1882) na kuenezwa sana na Biblia ya maelezo ya Scofield iliyotoka 1909. Hao wanatenganisha mpango wa Mungu kwa Israeli na mpango wake kwa kanisa. Kanisa linanyakuliwa, yaani linachukuliwa juu kwa Kristo, kabla ya miaka saba ya dhiki, ambayo ni juma la 70 la Danieli 9:24–27, kila juma likihesabiwa kuwa miaka saba. Majuma 69, yaani miaka 483, yamekwisha kutimia, na kati ya la 69 na la 70 pana pengo ambalo ndicho kipindi cha kanisa. Kristo akirudi na watakatifu wake, anatawala kutoka Yerusalemu, na ahadi kwa Israeli zinatimia kama zilivyoandikwa. Wengi wao wanalihesabu humo hata hekalu la Ezekieli 40–48.

Amilenia ni jina lililowaletea wenyewe matatizo, kwa sababu ile "a" ya mwanzo inasikika kama "hakuna". Wanaiamini miaka elfu. Wanachosema ni kwamba ndiyo kipindi hiki, tangu kuja kwa kwanza hadi kuja kwa pili, na Kristo anatawala sasa akiwa mkono wa kuume wa Baba. Atarudi mara moja, wafu wote watafufuka, hukumu itakuwa moja (Yohana 5:28–29), kisha mbingu mpya na nchi mpya.

Postmilenia inakubaliana na amilenia kwamba Kristo anarudi baada ya miaka elfu, ila inatazamia Injili itawashinda mataifa kabla ya hapo, kwa wingi na kwa wazi. Nguzo zake ni Zaburi 110:1, mifano ya haradali na chachu katika Mathayo 13:31–33, na Mathayo 28:18–20. Jonathan Edwards, mhubiri wa Amerika wa karne ya 18, alikuwa wa mtazamo huu. Ulipungua sana baada ya Vita Kuu ya Kwanza, lakini haukufa. Swali gumu kwao ni Luka 18:8 na 2 Timotheo 3:1–5.

Wanapoachana ni penye maswali matatu: je, sura ya 20 inafuata baada ya sura ya 19, au inarudi nyuma kusimulia upya? Shetani amefungwa asifanye nini? Na ufufuo wa kwanza ni wa mwili au ni wa namna nyingine? Swali la kama elfu ni hesabu kamili au picha ya ukamilifu watu hulipigania sana, lakini halina uzito huo. Mtu anaweza kukubali kwamba elfu ni picha, kama "milima elfu" ya Zaburi 50:10, na bado akawa premilenia kabisa.

---

Msomaji wa Kiyunani alijibu:

Shalom. Naongezea upande wa lugha, maana kwa sisi tunaosoma Kiswahili kuna mahali tafsiri imekwisha kutuamulia bila sisi kujua.

Tazama jinsi Union Version inavyoanza Ufunuo 20:1: "Kisha nikaona malaika akishuka kutoka mbinguni." Neno "kisha" kwa Kiswahili ni la mfuatano: hili, kisha lile. Kiyunani kina *kai eidon*, yaani "na nikaona". Yohana anaeleza mpangilio wa maono alivyoyaona. Hajasema kwamba matukio yenyewe yatafuatana hivyo. Anapotaka kusema "baada ya hayo" ana maneno mengine, *meta tauta*, aliyotumia 4:1, 7:9 na 18:1. Kwa hiyo "kisha" ya 20:1 isiwe ushahidi wa premilenia. Wala isiwe ushahidi dhidi yake, maana maono yanayofuatana yanaweza pia kuhusu matukio yanayofuatana. Hoja lazima itoke kwingine.

Na kwingine kupo. Premilenia wanashika 20:10, ambapo Ibilisi anatupwa katika ziwa la moto "alimo yule mnyama na yule nabii wa uongo". Hao wawili walitupwa humo 19:20. Basi sura ya 20 inajua kwamba sura ya 19 imekwisha kupita. Hii ni hoja nzito, na anayefundisha amilenia asiiruke.

Amilenia wanajibu kwa kuuliza: ikiwa mataifa wameuawa wote katika 19:21, mataifa gani tena wanalindwa wasidanganywe katika 20:3? Tena vita vya 19:17–21 na vita vya Gogu na Magogu vya 20:8 vyote vimechotwa kisima kimoja, Ezekieli 38–39. Ndege wanaoitwa kula nyama katika 19:17 ni wale wale wa Ezekieli 39:17. Kwao, vita ni kimoja kilichosimuliwa mara mbili.

Sasa aya ya 4: "nao wakawa hai, wakatawala pamoja na Kristo miaka elfu." Kitenzi ni *ezesan*. Kinaweza kumaanisha "waliishi" au "wakawa hai". Ufunuo 2:8 hutumia kitenzi hicho hicho kwa Bwana mwenyewe, aliyekufa kisha akawa hai, na huo ni ufufuo wa mwili bila ubishi. Aya ya 5 inasema wafu waliosalia "hawakuwa hai, hata itimie ile miaka elfu", kitenzi kile kile tena. Henry Alford, mfafanuzi Mwingereza wa karne ya 19, alijenga hoja ambayo premilenia wanaitegemea mpaka leo: ukisema "wakawa hai" ya kwanza ni ya kiroho na ya pili ni ya mwili, ndani ya aya mbili zilizoshikana, umelivunja neno lisiwe na maana tena.

Jibu la amilenia liko Yohana 5. Yesu mwenyewe anasema katika aya ya 25 "saa inakuja, na sasa ipo" wafu watakapoisikia sauti yake na kuwa hai, na katika aya ya 28 anasema juu ya walio makaburini. Kuna mawili ndani ya mazungumzo mamoja, la kwanza la sasa, yaani kuzaliwa upya, la pili la mwisho, yaani kufufuka kwa mwili. Wengine wao hawapiti njia ya kuzaliwa upya; wanasema Yohana aliona *roho* za waliokatwa vichwa, hivyo ufufuo wa kwanza ni uhai wa mashahidi mbinguni pamoja na Kristo kabla ya miili yao kufufuka. Ukifundisha, zitenganishe njia hizi mbili. Si wote wanaojiita amilenia wanaosema jambo moja hapa.

Kuhusu kufungwa: aya ya 3 imetaja kusudi, "asipate kuwadanganya mataifa tena". Amilenia wanabana hapo: hakufungwa asifanye lolote, amefungwa asizuie Injili kuwafikia mataifa. Wanaleta Mathayo 12:29, mwenye nguvu anayefungwa kwanza ndipo nyumba yake itekwe. Kitenzi cha kufunga ni kile kile, *deo*. Premilenia wanauliza: mnyororo, shimo, kufunga, kutia muhuri, vyote hivi kwa ajili ya kumpunguzia nguvu tu? Na 1 Petro 5:8 inasema anazunguka kama simba angurumaye.

Neno lingine la kuangalia ni "kuzimu" la 20:1. Kiyunani ni *abussos*, shimo la vilindi. Aya ya 13, "Mauti na Kuzimu zikawatoa wafu", ni *hades*, mahali pa wafu. Kwa Kiswahili chetu yamekuwa neno moja, na wanakikundi watadhani Shetani amefungwa miongoni mwa wafu. Waeleze mapema.

---

Msabato Msomaji alijibu:

Wapendwa, naona mtaalamu wa Kiyunani amegusa *abussos*. Nashukuru, maana hapo ndipo msimamo wetu Waadventista Wasabato unapoanzia, na mara nyingi tunaachwa nje ya orodha au tunatiwa kwenye premilenia kana kwamba tunafundisha utawala wa duniani.

Tunaamini Kristo anarudi kabla ya miaka elfu. Hapo tuko na premilenia. Lakini miaka elfu yenyewe watakatifu wako mbinguni, na dunia ni tupu.

Mfuatano wetu ni huu. Kristo anaporudi, wenye haki waliokufa wanafufuka, walio hai wanabadilishwa, wote wanachukuliwa (1 Wathesalonike 4:16–17, Yohana 14:2–3). Waovu walio hai wanakufa kwa utukufu wa kuja kwake (2 Wathesalonike 2:8). Dunia inabaki ukiwa bila mwanadamu, kama Yeremia 4:23–26 ilivyoonyesha. *Abussos* ndilo neno ambalo tafsiri ya kale ya Kiyunani ya Agano la Kale ilitumia katika Mwanzo 1:2, pale Union Version inaposema "vilindi vya maji", nchi ikiwa ukiwa na utupu. Mnyororo wa Shetani basi ni hali yenyewe: hana wa kumdanganya. Wakati huo watakatifu wanashiriki hukumu (Ufunuo 20:4, 1 Wakorintho 6:2–3). Miaka ikitimia, mji mtakatifu unashuka, waovu wanafufuka, ndiyo maana ya Shetani kufunguliwa, kwa kuwa sasa ana watu tena. Wanauzunguka mji, moto unashuka na kuwateketeza (20:9), kisha nchi inafanywa upya.

Tafadhali usituchanganye na Mashahidi wa Yehova. Wao wanafundisha kwamba Kristo alianza kutawala mbinguni bila kuonekana mwaka 1914, kwamba 144,000 watatawala pamoja naye kutoka mbinguni, na kwamba wengine wataishi katika dunia paradiso wakati wa miaka elfu.

---

Msomaji wa Kiyunani alijibu:

Ndugu Msabato, asante; umenikumbusha Ufunuo 5:10, "nao wanamiliki juu ya nchi". Kiyunani *epi* kina utata ule ule wa "juu ya" yetu: mfalme anaweza kumiliki akiwa juu ya nchi, amekaa hapo, au akawa na mamlaka juu yake akiwa mahali pengine. Tena nakala za kale zinatofautiana, nyingine zina "wanamiliki", nyingine "watamiliki". Anayejenga mahali pa utawala juu ya aya hii peke yake amejenga mchangani.

Na 1 Wathesalonike 4:17, "tumlaki Bwana hewani". Kiyunani *apantesis* ni kutoka kwenda kumpokea mgeni anayekuja, kama ndugu wa Rumi walivyomtokea Paulo njiani katika Matendo 28:15. Kiswahili "kulaki" kimebeba maana hiyo vizuri kuliko tafsiri nyingi. Anayelaki hutoka, akampokea mgeni, wakaja naye. Ndiyo maana premilenia ya kale na amilenia wanasema watakatifu wanamlaki anapokuja duniani. Dispensasheni na Waadventista wanajibu kwamba neno halilazimishi kurudi. Katika Yohana 14:3 Bwana anawakaribisha kwake.

---

Mtunza Historia alijibu:

Ya historia nitayasema kwa kifupi, ila kuna jambo moja nisingependa likose.

Katika karne ya 2 utawala wa duniani ulifundishwa waziwazi na Papias, Justino Shahidi na Ireneo. Ireneo anayo hata simulizi aliyoipata kwa Papias kuhusu mizabibu ya siku zile, kila mzabibu una matawi 10,000, na hesabu inazidi kupanda hivyo mpaka kila zabibu moja inatoa vipimo 25 vya divai. Watu hunukuu hilo ili kuwacheka; mimi nalinukuu kwa sababu linaonyesha walivyochukua kwa uzito kwamba uumbaji wenyewe, udongo na mimea, utakombolewa. Jambo ambalo lisikose ni hili: Justino, katika kitabu cha mazungumzo yake na Myahudi Trifo, sura ya 80, anasema yeye anatazamia miaka elfu katika Yerusalemu iliyojengwa upya, halafu anakiri kwamba Wakristo wengi wenye imani safi na ya kicha Mungu hawaoni hivyo. Basi tofauti hii ilikuwapo tangu mapema, na mtu aliyeshika upande mmoja aliwahesabu wa upande wa pili kuwa Wakristo. Anayedai kanisa la kwanza lote lilikuwa premilenia asome sura hiyo.

Karne ya 3 Dionisio wa Aleksandria alipingana na mafundisho ya askofu Nepos wa Misri kuhusu utawala wa duniani. Baadaye Augustino, katika kitabu cha 20 cha *Mji wa Mungu*, alisoma miaka elfu kuwa kipindi cha kanisa, akieleza kwamba hapo awali yeye mwenyewe aliwahi kuona vinginevyo. Usomaji huo ndio uliotawala Magharibi kwa karne nyingi. Maungamo ya Kilutheri ya Augsburg (1530), kifungu cha 17, yanakataa fundisho la wacha Mungu kumiliki ufalme wa dunia kabla ya ufufuo. Miaka michache baadaye, 1534–1535, waliouteka mji wa Münster, Ujerumani, kwa jina la ufalme wa Mungu waliwafanya wengi waogope somo zima. Kwa Wakatoliki, agizo la Roma la 1944 lilisema hata milenia ya namna ya wastani haiwezi kufundishwa kwa usalama, na Katekisimu inakataa umilenia katika namba 676.

Kanuni ya Imani ya 381 (ya Nikea) inasema ufalme wa Kristo hautakuwa na mwisho. Premilenia wanaikiri bila shida: kwao miaka elfu ni mlango wa ufalme usio na mwisho.

---

Mwalimu wa Kikundi aliuliza:

Mungu awabariki sana. Nina nyongeza mbili. Vipindi vinne niviweke vipi? Na Isaya 65:20, "mtoto atakufa mwenye umri wa miaka mia", nimeulizwa tayari kabla hata sijaanza. Kifo kitakuwapo katika utawala wa Kristo?

---

Mzee wa Maandiko alijibu:

Kipindi cha kwanza usitaje jina la msimamo wowote. Soma kwa sauti Ufunuo 19:11 hadi 21:8, kisha kila mmoja aandike kwenye karatasi yenye safu tatu: Yohana anaona nini, kiko wapi, nani wanahusika. Watashangaa kwamba aya ya 4 haitaji mahali viti vya enzi vilipo. Mchoro wa nyakati usiulete siku hiyo. Mchoro ukishabandikwa ukutani, watu wanaacha kusoma aya na kuanza kusoma mchoro.

Cha pili, yale maswali matatu, na kila swali lipewe jibu la upande mmoja na udhaifu wake papo hapo. Premilenia nao wana lao: kama waovu wote wanauawa 19:21 na watakatifu wote wanabadilishwa (1 Wakorintho 15:51), ni nani anaingia miaka elfu na mwili wa kufa, akazaa watoto watakaoasi pamoja na Gogu? Dispensasheni wanajibu: ni walioamini wakati wa dhiki baada ya kunyakuliwa. Premilenia ya kale hawana jibu hilo, wanalazimika kusema kuna mataifa waliosalia ambao hawakuwa kwenye jeshi lile.

Cha tatu, Agano la Kale. Cha nne, historia, kwa yale aliyoandika Mtunza Historia.

Makosa makubwa ninayoyaona ni mawili. La kwanza ni kuchanganya mjadala wa kunyakuliwa (kabla, katikati, au baada ya dhiki) na mjadala wa milenia. Huo wa kwanza una maana kwa aliyekwisha kuwa premilenia tu, na ukiuingiza mapema saa yako nzima imekwisha. La pili ni kuhesabu miaka. William Miller, mhubiri Mmarekani, alihesabu siku 2,300 za Danieli 8:14 kuwa miaka, kuanzia 457 KK, na waliomfuata wakaitazamia tarehe 22 Oktoba 1844. Mtu akileta hesabu kikundini, mrudishe Matendo 1:6–7, mwendelee.

Isaya 65:20 isomwe pamoja na aya ya 17 hadi ya 25, maana kila upande unabanwa na aya fulani. Premilenia wanasema: kuna kifo, kwa hiyo si umilele; kuna maisha marefu mno, kwa hiyo si sasa; basi ni miaka elfu. Aya inayowabana ni ya 17, inayosema habari hizi ni za mbingu mpya na nchi mpya, na Ufunuo 21 inaziweka baada ya miaka elfu. Amilenia wanasema nabii anauchora umilele kwa picha ambazo wasikilizaji wake waliweza kuzishika: hakuna kaburi la mtoto mchanga, hakuna mzee aliyekatishwa. Kinachowabana ni kwamba aya inasema "atakufa" waziwazi, na inamtaja mwenye dhambi anayelaaniwa. Postmilenia wanaiweka katika wakati wa Injili kustawi kabla Bwana hajarudi, ila aya ya 19, sauti ya kulia haitasikiwa tena, inawasumbua. Waadventista wengi wanaisoma kuwa ahadi kwa Israeli yenye sharti, jinsi mambo yangekuwa kama taifa lingetii.

Aliyekuuliza mpe kazi ya kuisoma aya ya 17 hadi ya 25 nyumbani na kuandika ni aya gani inaubana msimamo wake mwenyewe. Akija na jibu hilo, kipindi cha tatu anza naye.